Ua Nyuma ya Kinu

Eloy Noriega ni mtu wa kushuku. Ukimwambia mvua inanyesha, anatoa mkono dirishani kwanza ahakikishe, na hapa Gijón, pwani ya kaskazini ya Hispania, mvua haijawahi kunyesha kwa kificho. Mama yake akimwekea sahani ya maharage anauliza soseji ya leo imetoka bucha gani, na mbona si kama ile ya juzi. Kazi yake ni kuchonga funguo, ana kibanda chake pale sokoni, na mteja akileta ufunguo utolewe nakala Eloy anamkazia macho utadhani mlango ni wa nyumbani kwake. “Huu wa nani?” “Wangu.” “Wako kweli?” Wateja wengine wameshamtukana. Nami nimemtukana mara kadhaa, na mimi ni rafiki yake.

Ila hakuzaliwa hivyo. Baba yake alikuwa na duka zuri la vitasa, la ubia, na yule mbia alikuwa anakula kwao kila Jumapili, amembeba Eloy mabegani. Asubuhi moja mzee alifika dukani akakuta kitasa kipya mlangoni, na juu ya mlango jina la mbia peke yake. Fundi wa vitasa kafungiwa nje ya duka lake! Mtaa mzima ulicheka. Mzee hakucheka, na hakuishi sana baada ya hapo. Eloy akarithi mashine moja ya kuchongea funguo na hiyo tabia ya kuwatazama watu mikono.

Mimi ni Covadonga, Cova kwa kila mtu. Nafanya kazi ofisi ya forodha bandarini, na Kijapani nilijifunza shule ya jioni kwa ajili ya mwanamume fulani ambaye simtaji hapa, maana hastahili. Mwanamume akaenda zake, Kijapani kikabaki. Hicho Kijapani ndicho kilichonikutanisha na Eloy na Mino.

Mino ni Belarmino kwenye vyeti tu. Alizaliwa ghorofa ya juu ya akina Eloy, na hawa wawili walikua pamoja, ukimwona mmoja ngazini unajua wa pili yuko nyuma. Mjomba wake Mino alikuwa baharia, akawaletea kutoka Yokohama kaseti ya gemu, maandishi yote Kijapani. Walicheza kiangazi kizima bila kuelewa neno, wakawa wanajitungia hadithi yao. Mle ndani kuna kikongwe mmoja anakaa kwenye kinu cha maji. Wakaamua ni mchawi, wakawa wanamkwepa kama ukoma. Walipokuwa watu wazima wenye vipara ndipo nikawasomea maneno yake. Kikongwe si mchawi, ni mama wa shujaa, anamwomba mwanawe aingie ndani ale kabla chakula hakijapoa. Mino alicheka mpaka akakaa sakafuni. Eloy hakucheka.

“Una hakika, Cova? Hebu soma tena.”

Basi ndivyo tulivyoanza kuihamisha Taa ya Kinu, hilo ndilo jina tulilolipa, kuja Kihispania. Gemu nyingi za zamani hazikuwahi kuletwa kwetu kwa lugha yetu, kwa hiyo wapenzi huzifungua wenyewe, wakayatoa maneno ya watu wakaweka yao. Hakuna anayelipwa, na hatugawi gemu. Tunagawa kiraka, faili dogo lenye zile sehemu tulizobadilisha tu. Wewe unachukua gemu yako, unakibandika kiraka juu yake, inaanza kuongea Kihispania. Kiraka hakigusi pasipokihusu. Palivyokuwa ndivyo panavyobaki. Ndiyo maana baraza letu la mtandaoni lina amri moja kubwa, na Eloy ndiye aliyekuwa akiipigia kelele kuliko wote: bandika kwenye gemu safi! Akija mgeni kulalamika kwamba wahusika wanaropoka, Eloy anamrukia palepale. “Umebandika juu ya kiraka cha zamani, sivyo? Mna ugomvi gani na usafi nyie watu?”

Malipo yetu ni kitu kimoja. Gemu ikiisha unatokea ukurasa wa majina, na hapo, chini ya Wajapani walioitengeneza, tunaweka yetu. Basi. Mtu anatumia miaka ya maisha yake ili jina lake lipite kwenye kioo cha televisheni ya mtu asiyemjua. Ukimwambia dada yako anakuona mwehu. Lakini Mino, ambaye mchana anatengeneza mashine za kufulia za watu na hakuna mtu amewahi kumwuliza anaitwa nani, alikuwa akiutazama ukurasa ule kwa namna ambayo mimi sikuthubutu kumtania.

Kazi tuligawana. Mimi natafsiri, Eloy anayanyoosha maneno na kuyapanga, Mino anaifungua gemu kwa ndani, maana yeye ndiye mwenye kichwa cha kujua wapi Wajapani wamebana nini. Na Mchile mmoja anayejiita Pudú, tusiyemjua sura, alikuwa anaicheza yote kutafuta makosa na kutusimanga. “Ninyi Wahispania mnaongea kama mapadri. Huku kwetu mtu akisema hivyo tunamwita daktari.”

Ukabaki mwisho wa gemu. Ule mwisho ulikuwa umefungwa kwa namna yake, herufi zimekandamizwa kama nguo ndani ya sanduku, na wa kuufungua alikuwa Mino peke yake. Kila tukimwuliza anasema bado. Eloy akaanza kunong'ona. “Bado, bado. Bado gani isiyoisha? Huyu ana kitu.” Nikamwambia ana mashine za kufulia, ndicho alicho nacho.

Jumapili moja ya vuli tulikuwa rastro, lile soko la mitumba, mimi na Eloy, tunazunguka kama kawaida ya watu wa hapa, hununui kitu lakini usipokwenda unajiona umekosa misa. Kwenye meza ya kijana mmoja mwenye redio mbovu na mashine kuukuu za gemu, Eloy akasimama ghafla nikamgonga mgongoni. Akanyanyua boksi. Taa ya Kinu. Jina letu lilelile, na chini yake wameandika kwa rangi nyekundu: kwa Kihispania.

Gemu yetu. Haijaisha, haijatolewa, haijamfikia mtu yeyote nje ya sisi wanne, na hii hapa inauzwa kati ya pasi na viatu vya mtumba!

“Umeitoa wapi hii?” Eloy akauliza.

“Naletewa.”

“Na nani?”

“Watu.” Kijana akatafuna chingamu yake. “Mzee, unanunua au unahoji?”

Akanunua. Akasema twende kwangu, kwao mama ana wageni wa karata. Tulipofika hakuvua hata koti. Akachomeka kaseti kwenye mashine yangu, akamwendesha shujaa moja kwa moja, bila kusema na mtu, mpaka kwenye kinu. Akamzungusha nyuma, pale kwenye nyasi pasipo na njia wala sababu ya mtu kwenda. Palikuwa na ua dogo la njano.

“Nilijua,” akasema. “Nilijua, Cova!”

“Ulijua nini? Si ua tu?”

Ndipo akanieleza. Mwaka uliotangulia kuna mtu aliwahi kuiba kurasa zetu za mwanzo akazitia jina lake, na Eloy akaapa haitatokea tena. Kwa hiyo alipotutumia viraka vya kujaribia, kila mtu alimpandia ua lake mahali pa siri, mahali ambapo viraka vingine havigusi. La Mino nyuma ya kinu. La Pudú makaburini. Langu karibu na kisima cha kijiji cha juu.

“Mimi pia?” nikasema. “Eloy, mimi pia uliniwekea?”

“Wewe sikushuku.”

“Ukaniwekea ua bila kunishuku! Haya, basi nenda kisimani sasa hivi uangalie, nisafishike.”

“Hakuna haja. Mwizi nimeshampata.” Akachomoa waya ukutani. Kaseti akaniachia, akasema hataki kuiona nyumbani kwake.

Nilimsihi asubiri. Asubiri wapi? Siku ya pili yake tulikuwa na miadi ya sidra, pombe yetu ya matofaa, pamoja na Mino, kwenye kilabu chetu cha kila siku. Hapa sidra hainywewi kila mtu na glasi yake. Glasi ni moja, inazunguka, unakunywa unaacha kidogo, unamwaga lile tone mdomo ulipogusa, unampa mwenzio. Eloy alimimina akanipa mimi. Akamimina akanywa yeye. Mino akanyoosha mkono, Eloy akaiweka glasi mezani.

“Ule mwisho vipi?”

“Bado,” akasema Mino, na alikuwa anatabasamu, nalikumbuka lile tabasamu. “Nimeshika kichwa, nautafuta mkia.”

“Bado kwetu, au bado kwa wateja wako?”

“Wateja gani tena? Leo umeamkia upande gani wa kitanda?”

Eloy akatoa boksi mfukoni. Kaseti ilikuwa kwangu lakini boksi alilibeba yeye. Mino akaligeuzageuza, akacheka. “Loo, wamemtia shujaa masharubu! Nani kafanya uchafu huu?”

“Niambie wewe. Ua liko nyuma ya kinu, Mino. Lile nililipanda kwenye kiraka chako. Si cha mwingine, chako.”

Kicheko kikakatika. Mino alimtazama, kisha akanitazama mimi, kuona kama nami nimo. Sijui aliona nini usoni mwangu.

“Umenitia alama,” akasema. “Kama ng'ombe.”

“Kama mwizi.”

“Eloy!” nikasema. “Chunga mdomo wako!”

“Tangu utotoni nakula kwa mama yako,” akasema Mino.

“Hata yule mbia alikula kwa mama.”

Lilimtoka kavu kabisa, na nadhani alikuwa amelibeba kwa miaka akimtafuta wa kumpa. Mino akaichukua glasi, akajimiminia mwenyewe mpaka juu, jambo ambalo hakuna mtu wa hapa analifanya, akaimwaga yote sakafuni. Akavaa koti akatoka.

Jioni hiyohiyo Eloy aliandika barazani, kwa jina kamili, kwamba Belarmino ameuza kazi yetu sokoni. Akalifuta jina la Mino kwenye ukurasa wa majina. Watu wa baraza, ambao jana yake walikuwa wanamwita mwalimu, wakamvamia kwa matusi. Panya, njaa, muuza utu. Kila mtu ghafla akakumbuka kwamba siku zote alimwona Mino hana macho mazuri. Mino hakujibu hata nukta, na kimya chake wakakihesabu kuwa ndiyo kukiri. Na mimi je? Nilimtetea mdomoni, lakini moyoni kulikuwa na mdudu ananitafuna: mbona hajibu? Mtu msafi si angejibu? Ndivyo kushuku kulivyo, kunaambukiza kama mafua.

Baridi ikaingia. Gemu ililala bila mwisho. Eloy alikuwa mtu wa kuogopwa: alibadilisha kitasa cha kibanda, akabadilisha na cha nyumbani, mama yake akalazimika kumpigia simu afungue. Kisha Pudú akaniandikia kutoka huko kwao, na hakuwa anatania.

“Señora, nimeambiwa na mimi nilitiwa alama. Kuna mtu amekwenda kuliangalia ua langu? Au Wachile hatuna hata haki ya kuchunguzwa?”

Nikaona anasema kweli. Eloy aliangalia ua moja tu, la yule aliyekuwa anataka awe mwizi, akazima mashine. Kaseti ilikuwa bado kabatini kwangu. Jumamosi mchana, nje mvua, nikajipikia kahawa nikaichomeka. Nikaanza kisimani kwangu, kwa kiburi tu, nijiridhishe.

Ua lilikuwepo. La bluu, limekaa vizuri kando ya jiwe.

Mungu wangu! Nilisikia moto masikioni. Mimi? Nikaanza kujishuku mwenyewe, kweli kabisa: nilimpa nani? Niliacha kompyuta wazi ofisini? Nikamshuku mpwa wangu aliyekuja kulala kwangu kiangazi, nikamshuku yule mama wa usafi, maskini wa watu, ambaye hata simu yake mwenyewe hajui kuizima. Mpaka nikajizaba kibao. Nikasema, Cova, nenda makaburini.

Nikaenda makaburini. Ua jeupe.

Maua yetu yote yamo kwenye kaseti moja! Nikaweka kikombe chini. Kiraka hakigusi pasipokihusu. Ukibandika kimoja juu ya kingine na kingine, kila kimoja kinaacha ua lake, na la mwenzake halifutiki. Kwa hiyo kuna mtu aliyevibandika vyote kwenye gemu moja, wala si safi. Na mtu aliyekuwa na viraka vyetu vyote mkononi alikuwa mmoja tu duniani, yuleyule wa kupigia watu kelele za usafi.

Jumapili nilikwenda kula kwao. Doña Etelvina, mama yake, ni mwanamke mdogo wa mwili mwenye sauti ya kuongoza meli, na maharage yake ndiyo sababu mimi sikondi. Alikuwa jikoni anakata mkate. Nikakaa mbele ya Eloy nikamwuliza kwa upole, upole ambao mimi mwenyewe sikuuamini.

“Vile viraka vyenye maua. Kabla ya kututumia, ulivijaribu?”

“Ulitaka nitume bila kujaribu? Mimi si mzembe.”

“Ulivijaribu kwenye gemu safi?”

Kijiko kikasimama hewani.

“Kila kimoja kwenye gemu safi, Eloy?”

“Nilikuwa na haraka,” akasema. “Nilibandika hiki, nikaona kimekubali, nikabandika kile juu yake. Ilikuwa ya kujaribia tu, Cova. Yangu. Haijatoka humu ndani.” Akaweka kijiko chini. “Niliitia kwenye kaseti nione inavyokwenda kwenye mashine yenyewe, ya televisheni. Na iko palepale nilipoiacha.”

Tukageuka wote wawili. Mashine ilikuwa chini ya televisheni ya sebuleni, imefunikwa kitambaa cha kufuma, na pembeni taa yake nyekundu inawaka.

“Msiizime!” doña Etelvina akapiga kelele kutoka mlangoni na mkate mkononi. “Nimefika lango la mwisho, nikianza upya nitakufa kabla sijarudi pale.”

Eloy akainuka kitini.

“Mama... wewe unacheza?”

“Sasa wewe ukienda kazini nifanye nini, nitazame ukuta? Na vitasa vyako hivyo, nikitoka siwezi kurudi.” Akaweka mkate mezani. “Nzuri sana. Yule bibi wa kinu ananiliza. Nikamwambia rafiki yangu Oliva, akasema naye anataka, si unajua alivyo mpweke kule mjini Mieres tangu afiwe. Basi nikaichukua ile kaseti Jumapili moja nikampelekea yule kijana wa rastro, akanitolea nakala. Kijana mwema! Hakutaka hata asante.”

“Hakutaka,” nikasema mimi, nikilikumbuka lile boksi mezani kwake.

“Hakutaka kabisa. Ila nataka kumwuliza Mino, huko mwisho mbona wanarudi kuongea Kijapani? Mbona haji siku hizi, Eloy? Mmegombana?”

“Ana kazi nyingi, mama,” akasema Eloy.

Akaniangalia. Nikajua ananiomba nini. Kama angemwambia kwamba ni safari yake ya rastro iliyomfanya Mino aitwe panya na watu wasiomjua, bibi yule angeiweka kaseti chini na asingeigusa tena, na asingesamehe hata kidogo, kuanzia nafsi yake. Nikainamia sahani yangu nikala maharage. 

Sasa nimpe haki yake: hakujificha. Aliandika barazani siku hiyohiyo kwamba mwizi hakuwepo, kwamba kaseti ilitoka nyumbani kwake kwa uzembe wake, kwamba Belarmino amedhulumiwa na yeye Eloy Noriega ndiye aliyemdhulumu. Mama hakumtaja. Na unajua watu walisema nini? Walisema anamkingia rafiki yake. Walioamini bila kuuliza kwamba Mino ni mwizi, sasa walitaka ushahidi ili waamini kwamba siye. Eloy akawa anabishana nao mmoja mmoja, anawaeleza, na kila anavyoeleza ndivyo wanavyozidi kunusa. Nilitamani kuwavuta masikio wote kupitia kioo.

Tulikwenda karakana kwa Mino. Alikuwa amelala chali, nusu yake imo ndani ya mashine ya kufulia, na hakutoka.

“Nimesoma,” ikasema sauti kutoka ndani.

“Jina lako nimelirudisha,” akasema Eloy. “La kwanza kabisa, juu ya langu.”

“Aha.”

“Mino, unataka niseme nini?”

“Ulishasema.”

Tulisimama pale tukiisikiliza bisibisi. Eloy alikuwa ameshika kofia yake kama mtu kanisani. Mwishowe nikamvuta mkono tukaondoka, na njiani hakutazama mikono ya mtu hata mmoja.

Aliyemrudisha Mino ni doña Etelvina. Alimpigia simu mwenyewe, bila kutuambia: mwanangu, nimekwama langoni, njoo unikwamue kabla sijafa, na nitakuchemshia wali wa maziwa. Jumamosi hiyo aliniita na mimi. Mino alikuja amenyoa ndevu. Alimbusu bibi mashavu yote, mimi akanipa mkono, Eloy akapewa “habari” na mgongo. Faili lenye jina lake Eloy alikuwa amempelekea mapema kwa barua pepe, na Mino alikuwa ameliunganisha na mwisho na kulitia kwenye kaseti mpya, safi, haina ua hata moja.

“Umeumaliza lini, mwanangu?” bibi akauliza. “Eloy alisema ni mgumu.”

“Uko tayari tangu vuli, doña Etelvina.” Alikuwa amepiga magoti anachomeka waya. “Siku ile tulipokunywa sidra mara ya mwisho nilikuwa nao mfukoni. Nilitaka niwashtukize.”

Alimwambia bibi. Hakumwambia mtu mwingine. Eloy alikuwa amesimama nyuma ya kiti cha mama yake, na niliona mikono yake inavyokamata mgongo wa kile kiti.

Mino alikuwa ameipanga ianzie langoni; doña Etelvina alivaa miwani akapita. Alisoma kwa sauti, polepole, kidole kikifuata mistari hewani. Shujaa anarudi nyumbani. Kikongwe yuko mlangoni mwa kinu. Anasema chakula kimepoa lakini moto upo, watakipasha. Maneno yale niliyatafsiri mimi, nimeyasoma mpaka nimeyachoka, na bado nililia kama mtoto. Bibi naye alilia, akajifuta na aproni, akacheka, akasema kikongwe yule ana akili kuliko mfalme.

Kisha majina yakaanza kupanda. Wajapani kwanza, akawapitia kimyakimya kwa heshima. Halafu sisi.

“Covadonga!” akasoma, akanipiga goti. “Eloy Noriega. Ndiyo wewe huyo! Pudú, hili si jina la mtu.” Akasogeza miwani. Akasubiri. Kioo kikawa cheusi.

Niligeuka kumtazama Eloy. Jina la Mino alikuwa ameliandika, mimi niliona kwa macho yangu, la kwanza kabisa, na aliyelishika faili baada yake ni Mino peke yake. Mino alikuwa anakunja waya, taratibu, mzunguko juu ya mzunguko.

“Mino,” akasema doña Etelvina, “mbona wewe hukuandikwa?”

Mino akauweka waya juu ya mashine.

“Si ndiye aliyefanya kazi yote ngumu? Eloy! Mmemsahau mwenzenu?”

“Nafasi haikutosha, doña Etelvina,” akasema Mino, na akainuka.

“Nafasi haikutosha vipi? Nafasi ipo. Nimeiona mimi, pale juu kabisa, kabla ya Cova, pamebaki mstari mtupu.”

Mino alimbusu tena, akachukua koti lake. Wali wa maziwa ulikuwa bado uko mezani, haujaguswa, na Eloy akaenda kumfungulia, maana mlango ule una vitasa vingi na hakuna mwingine anayejua kuvifungua vyote.